Nani Kamshonea Buti

Simioni alipoletwa kutoka barafuni amelazwa juu ya sleji, kile chombo cha kuburutwa kwenye theluji, watu wa kwanza kufika hawakuuliza kapatwa na nini. Waliuliza nani kamshonea buti.

Mkewe, Ulayu, alilisikia swali hilo akiwa amepiga magoti kwenye theluji, anahangaika na kamba za buti hizo. Alikuwa ametoka nyumbani mbio, bila glavu, unga wa mikate bado umemganda viganjani. Kamba zilikuwa ngumu kama waya. Ilikuwa mchana wa mwezi wa tano, majira ambayo katika ghuba ile ya kaskazini ya mbali jua halina habari ya kuzama, na majirani walikuwa wameshajazana nje kila mmoja na kikombe chake cha chai, maana sleji inayorudi na mtu aliyelala huonekana tangu mbali.

"Kata," Simioni alimwambia. "Zikate tu. Mimi sisikii kitu huko chini."

Ulayu akachomoa kisu chake, kile cha wanawake chenye makali ya mviringo, akakata kamba, akavuta. Soksi ya sufu ilitoka na mabonge ya barafu. Vidole vya mumewe vilikuwa vyeupe kama mafuta yaliyoganda ya sili, yule mnyama wa baharini wanayemwinda, na alipovigusa havikuwa na ulaini wa nyama. Alishawahi kuona vidole vya namna hiyo mara moja tu maishani mwake, na mwenyewe alikufa mzee akiwa hana hata kimoja.

"Masikini Simioni," alisema Qaapi, jirani wa nyumba ya tatu, kwa sauti ya mtu anayejisemea huku akihakikisha anasikika. "Mwanamume anayelisha nusu ya kijiji, halafu nyumbani kwake hakuna wa kumshonea viatu."

"Buti zinazoingiza maji!" mwingine akadakia. "Siku hizi wanawake wanashona huku macho yako kwenye simu."

Ulayu akaanza kukata kamba za buti ya pili. Jibu alikuwa nalo, tena liko kwenye ncha ya ulimi, maneno mawili tu: *sikuzishona mimi.* Lakini aliyezishona alikuwa amesimama hatua tatu kutoka pale, mikono ndani ya mikono ya koti lake. Huyo alikuwa Pitsiula, mama mzazi wa Simioni, fundi ambaye kwa miaka hamsini hakuna mwindaji wa ghuba ile aliyelowa mguu kwa kosa lake. Ulayu alimtazama, akasubiri mama mkwe aseme. Kila mtu angesikia, na mambo yangekwisha hapo.

"Mpelekeni kwa muuguzi," Pitsiula alisema. Akageuka, akaelekea nyumbani polepole, akishika ukuta wa kila nyumba aliyoipita.

Muuguzi wa zahanati hakuwa mtu wa kuzunguka. Aliitumbukiza miguu ya Simioni kwenye beseni la maji ya uvuguvugu, akasubiri, akaitazama, akasema ndege itakuja kesho asubuhi kama upepo utaruhusu. Hospitali ya kusini wataamua wenyewe. Yeye kwa maoni yake mguu wa kushoto utapoteza vidole vyote, wa kulia viwili, na hapo washukuru Mungu.

Simioni alikunywa chai, akaeleza kama anavyoeleza mambo ya mtu mwingine. Aliacha pikipiki ya theluji mbali, akamnyatia sili aliyelala juani. Akaingia kwenye maji yaliyojificha chini ya theluji, hadi juu ya kifundo, kama anavyoingia kila mwaka tangu yuko mtoto. Safari hii maji nayo yakaingia. Aliyasikia kwenye kisigino, kwanza kidogo, halafu yakajaa. Upepo ukageuka ukatoka kaskazini, pikipiki ikakataa kuwaka, akatembea. Alitembea saa saba, mpaka wawindaji wengine wakamkuta wakampakia kwenye sleji. Mbili za mwisho alikuwa anatembea juu ya miguu asiyokuwa nayo.

"Mama aliniambia hizi ni sawa na zile za zamani," alisema.

"Najua."

Simioni aliutazama mlango. Muuguzi alikuwa amekwenda kupiga simu.

"Ulayu. Ulizipuliza?"

Watu wengine wangeuliza kitu kingine. Kwa watu wa ghuba ile hilo ndilo swali. Buti ya kuendea majini haitoki nyumbani kabla mwanamke wa nyumba hajaikunja shingo, akaweka mdomo, akaijaza pumzi mpaka ivimbe, kisha akaizungusha karibu na shavu asikie kama kuna mahali inapumua. Ni kazi ya dakika moja. Wanaifanya wanawake wenye homa, wanaifanya waliotoka kujifungua jana.

"Hapana," alisema Ulayu.

Simioni akaugeuzia ukuta uso. Hakuuliza kwa nini, na Ulayu angetoa chochote aulizwe.

Kwa nini, basi? Kwa sababu ya adabu. Adabu hiyo iliyomkondesha tangu aolewe.

Wiki mbili kabla ya hapo Simioni alikuwa na buti nzuri. Ulayu alizishona mwenyewe, majira yote ya baridi: ngozi ya sili aliyoikwangua manyoya mpaka ikawa nyeusi na laini, nyayo za ngozi nene ya sili mkubwa mwenye ndevu, ambazo alizitafuna siku nne zikubali kukunjika, mpaka taya zikamuuma asiweze kula nyama. Alizishona kwa uzi wa ukano, mshipa mgumu wa mgongo wa kulungu, ambao ukilowa huvimba na kuziba tundu lake wenyewe. Na mshono alioutumia ni ule wa maji, ambao sindano huingia katikati ya unene wa ngozi na kurudi ilikotoka bila kutokeza upande wa pili. Unene wenyewe ni kama ukucha. Ukikosea ukatoboa, umefungua mlango.

Ndipo akaja Bwana Dunmore. Alikuwa meneja wa Jumba la Urithi, jengo jipya la rangi ya buluu lililojengwa karibu na duka, lenye zulia na mitambo ya joto bora kuliko ya shule. Alipita nyumba kwa nyumba akitafuta buti. Hakutaka mpya. Alitaka zilizovaliwa na mwindaji wa kweli, zenye alama za safari, "zenye maisha," alisema, akitabasamu. Alimkuta Pitsiula peke yake. Alipoondoka, kamba ya kuanikia iliyo juu ya jiko ilikuwa tupu.

"Mama, buti za Simioni ziko wapi?" Ulayu aliuliza aliporudi kutoka dukani.

"Zimekwenda kwenye jumba."

"Kwenye jumba kufanya nini? Anaingia barafuni wiki ijayo!"

"Usinipigie kelele, mwanangu. Nitamshonea nyingine. Au nimesahau kushona?"

Nani angejibu swali hilo? Siku mbili baadaye Ulayu akapita kwenye jumba, akazikuta buti ndani ya kabati la kioo, zimewashiwa taa yao peke yao, na chini yake kibandiko kwa lugha mbili: *Zimeshonwa na Pitsiula, fundi mkuu wa ghuba.* Alikisoma mara tatu. Yule mama hakuchukua hata senti. Alichokichukua ni kile kibandiko. Ulayu alisimama pale mpaka mlinzi akamuuliza kama amepotea.

Kwa siku nane Pitsiula alishona akiwa ameupa mlango mgongo. Hakutaka mtu akae karibu, hakutaka kuletewa taa. Siku ya tisa akaziweka buti mezani. Ulayu akaichukua moja, akakunja shingo yake, akaipeleka mdomoni. Akainua macho. Mama mkwe alikuwa amemkodolea yeye tu, hapepesi. Macho yale yalikuwa yanasema: wewe, uliyejifunza sindano juzi, unanipima mimi? Ulayu akaona aibu. Akaishusha buti taratibu, akasema ahsante, mama, ni nzuri sana. Simioni akazivaa akaondoka.

Mchana ule wa zahanati, aliporudi nyumbani, kitu cha kwanza alichofanya Ulayu ni kuzipuliza. Alizikausha kidogo juu ya jiko, akaweka mdomo, akajaza pumzi. Hakuhitaji hata kuileta shavuni. Kisigino kilipiga mluzi.

Akakaa chini na kuukagua mshono kwa ukucha, inchi kwa inchi. Kwa nje ulikuwa mzuri, wa kizee, umenyooka. Kwa ndani sindano ilikuwa imetokeza mara kumi na moja. Hata msichana wa miaka kumi huzabwa kofi kwa tundu moja. Hasira ilimpanda taratibu, na alifurahi ilipofika kichwani kwa sababu ilikuwa bora kuliko ile hofu aliyotoka nayo zahanati.

Pitsiula alikuwa amekaa mahali pake penye dirisha, kikombe mkononi, redio ya kijiji mbele yake. Redio hiyo kazi yake ni kutangaza ndege imechelewa na mbwa wa nani amekata kamba, na mtu yeyote hupiga simu akasema lake. Aliyepiga saa hiyo alikuwa Qaapi.

"Simtaji mtu," Qaapi alisema redioni. "Nawakumbusha tu dada zangu walioolewa. Mguu wa mume ni uso wa mke. Puliza buti, dada! Pumzi hainunuliwi dukani. Kama hujui kushona, sema usaidiwe, una mama mkwe fundi ndani ya nyumba. Ni hayo tu, na kama kuna mtu ana baiskeli ya mtoto naihitaji."

Mtangazaji alicheka. Akapiga mwingine, naye hakumtaja mtu. Wa tatu alimtaja.

"Mama," Ulayu alisema. "Unasikia?"

"Nasikia."

"Basi piga simu. Hiyo hapo. Uwaambie."

"Niwaambie nini?"

"Nani kashona!"

Pitsiula alizungusha kikombe mkononi. "Watu husema, wakichoka huacha."

"Wanasema *mimi*! Mume wangu anakatwa vidole kesho, halafu mimi ndiye mzembe, mimi ndiye wa kushona macho kwenye simu! Na nilivyomjibu mwanao kwamba sikuzipuliza, hata yeye anaamini ni mimi niliyemuua miguu!"

"Wewe bado kijana," mama mkwe alisema, na alilisema kwa upole, ndiyo maana lilichoma zaidi. "Utashona nyingine nyingi. Watasahau. Mimi sina muda wa watu kusahau."

Ulayu alisimama. Kwa dakika nzima alimtazama yule mwanamke aliyemheshimu kuliko mama yake mzazi, aliyemfundisha kukwangua ngozi bila kuitoboa, na akamchukia. Alimchukia waziwazi, bila kujizuia, na hakuona haya. Kisha akazichukua zile buti mbovu, akazifunga ndani ya taulo, akaenda kulala kwenye kiti zahanati, karibu na mumewe aliyekuwa ameugeuzia ukuta uso.

Ndege ilikuja asubuhi. Simioni alipandishwa kwa machela. Kabla ya mlango kufungwa alimshika mkewe mkono, akaubana, lakini alichosema ni, "Mwangalie Mama." Ulayu alibaki uwanjani mpaka ndege ikawa nukta.

Saa nane mchana Jumba la Urithi lilizinduliwa.

Kijiji kizima kilikuwa ndani, maana kulikuwa na samaki wabichi walioganda, mikate ya kukaanga na chai isiyo na kikomo. Bwana Dunmore alivaa tai. Pitsiula alikuwa amekalishwa mbele kwenye kiti chenye mito, chini ya kabati la kioo, amevaa koti lake la sherehe, na watu walikuwa wanapita kumshika mkono na kumpa pole ya mwanawe. Kila mmoja alipompa pole aliongeza neno la kumhurumia kwa mkamwana aliyempata. Naye alikuwa anaitikia kwa kichwa.

Dunmore alikuwa katikati ya hotuba. Alikuwa anasema buti zile ni ushahidi wa maarifa ya miaka elfu, na kwamba sasa zimefika mahali salama. Ulayu akaingia, taulo kwapani.

"Huyo anakuja," Qaapi alinong'ona. "Ana ujasiri, jamani."

Ulayu hakumtazama. Alipita katikati ya viti mpaka kwenye meza ya chai, akafunua ndoo ya maji, akachota jagi zima. Kisha akafungua taulo, akainua buti moja juu kwa shingo yake, na mbele ya wazee, mwalimu, mchungaji na mikate yao ya kukaanga, akaijaza maji.

Mwanzo hakuna kilichotokea. Kisha kisigino kikatoa jasho. Kisha tone. Lilidondoka juu ya zulia jipya bila sauti, likafuatwa na lingine, halafu yakaacha kuwa matone yakawa uzi wa maji. Hakuna aliyehitaji kufafanuliwa. Vichwa vyote vya wanawake waliokuwa mle vilisogea mbele kwa pamoja.

"Hizi ndizo alizovaa mume wangu," Ulayu alisema. "Mmeniuliza jana, mkaniuliza redioni. Leo najibu. Bwana Dunmore, fungua hilo kabati."

Dunmore alitabasamu lile tabasamu la watu waliozoea kwamba jambo litapita. "Bibi, nakupa pole sana kwa yaliyokupata. Lakini hizi sasa ni mali ya jumba. Haziguswi kwa mikono mitupu. Mafuta ya vidole yanaharibu ngozi."

Ulayu alimwangalia kana kwamba hakumsikia vizuri.

"Mafuta ya vidole?" alisema. "Nyayo za hizo buti nimezitafuna kwa meno yangu siku nne. Mate yangu yamo humo. Nimezipaka mafuta ya sili kwa viganja hivi mpaka viwiko. Leo *wewe* ndiye wa kuniambia nisiziguse?"

Mtu alicheka nyuma, kicheko kifupi cha kushtukiza, kikakatika. Sasa watu walikuwa wamesikia jambo jingine kabisa. *Nimezitafuna.* Macho yakaanza kwenda kwenye kibandiko na kurudi kwa Ulayu, yakaenda kwa Pitsiula. Dunmore akatazama saa yake, akasema labda hili lizungumzwe ofisini baada ya hafla.

"Mfungulie," Pitsiula alisema.

Hakusema kwa nguvu. Hakusema kwa lugha ya Dunmore pia. Lakini alinyoosha mkono kuelekea kabatini, na meneja hakuwa na namna ya kumkatalia mgeni wake wa heshima mbele ya watu wote. Akatoa funguo.

Ulayu akaitoa kabatini buti ya kulia ya mumewe. Akaijaza maji mpaka shingoni, akaiinua kwa mikono miwili. Ilikuwa nzito. Akaendelea kuishika. Watu wakahesabu pumzi zao. Chini yake zulia likabaki kavu, kavu kabisa, na lile doa la buti nyingine pembeni likazidi kupanuka.

Alikuwa amepanga maneno ya kusema hapo. Aliyapanga tangu usiku uliopita kwenye kiti cha zahanati, makali, yaliyopangwa vizuri. Alimgeukia mama mkwe ayaseme. Pitsiula alikuwa ameshanyoosha mikono yote miwili.

"Nipe," alisema. "Zote."

Ulayu akampa. Yule mama hakuzitazama. Aliiweka ile kavu mapajani, maji yakicheza ndani yake, akaupitisha mshono chini ya kidole gumba, kutoka kisigino mpaka ncha na kurudi. Kisha akaichukua ile inayovuja, akafanya hivyohivyo, na kidole kilipofika kisigino kikasimama. Akakiingiza ndani, akahesabu matundu moja baada ya jingine. Koti lake la sherehe lilikuwa limelowa chapachapa na hakujali. Alihesabu mpaka kumi na moja.

"Hizi nzuri ni za mkamwana wangu," alisema, uso ameuelekeza mahali ambapo hakukuwa na mtu. "Hizi zinazovuja ni zangu. Mwanangu nimemgandisha mimi. Mwenye redio na apige akaseme hivyo."

Qaapi alikuwa anaichunguza chai yake. Hakuna aliyempigia makofi mtu yeyote. Mchungaji alikohoa. Ulayu alisimama na mikono mitupu na yale maneno yake yote bado mdomoni, na hakujua ayapeleke wapi.

Dunmore, aliyekuwa ametafsiriwa maneno hayo sikioni, alionekana kupata nafuu. "Basi ni jambo dogo," alisema. "Tutabadilisha jina kwenye kibandiko. Leo hii hii. Buti zenyewe zinaweza kubaki. Kwa kweli..." akashusha sauti, kwa huruma, "kwa hali ya mumeo sasa, sidhani kama atazihitaji tena."

Hapo Ulayu akajua ayapeleke wapi.

"Huyu mtu ana miguu," alisema. "Itapungua vidole, miguu yenyewe itabaki. Pale penye vidole nitajaza manyoya ya sungura, atavaa, atakwenda barafuni, ataleta nyama, na *wewe* hutaonja." Akaichukua buti iliyojaa maji kutoka mapajani kwa mama mkwe, akaipindua pale pale, juu ya viatu vya Bwana Dunmore. Vilikuwa viatu vya ngozi nyembamba, vya mjini. Maji yaliingia vizuri sana. "Hayo ya kwako yamechukua sekunde moja. Yeye alitembea nayo saa saba."

Akaingiza mkono kabatini, akatoa ya kushoto. Hakuna aliyemzuia. Mlinzi alimshikia mlango.

Njia ya kurudi ilikuwa ya tope la theluji, na madimbwi yalikuwa yanameta hadi machozi yanamtoka mtu. Ulayu alitembea haraka, buti za mumewe kifuani. Alikuwa amefika karibu na tangi la maji aliposikia hatua nyuma yake, za mtu anayekwaruza ardhi kwa mguu kabla ya kuikanyaga. Hakugeuka, ila alipunguza mwendo kidogo, na hilo nalo likamkasirisha. Mkono wa Pitsiula ukashika pindo la koti lake.

Walikwenda hivyo mpaka tangi likabaki nyuma.

"Tangu lini huoni?" Ulayu aliuliza mwishowe.

"Tangu majira ya baridi yaliyopita. Kwanza katikati. Sasa pembeni pia."

"Na hukusema."

"Dada yangu alisema. Wakampeleka kusini kwenye nyumba ya wazee ambayo hakuna mtu wa kuongea naye. Amerudi ndani ya sanduku." Pitsiula alivuta pumzi. "Nilitaka jina langu likae mahali kabla hawajanichukua. Mahali popote."

"Jina lako. Na miguu ya mwanao?"

"Nilidhani vidole vyangu bado vinaona."

Ulayu alisikia hasira ikimrudia ikiwa mpya kabisa, kana kwamba haikutumika hata kidogo kule jumbani. Alisimama ghafla, mama mkwe akamgonga mgongoni.

"Siku uliyomaliza kuzishona," alisema, bado hajageuka. "Niliichukua buti nikaipeleka mdomoni. Nilitaka kuipuliza. Nikainua macho, nikakukuta umenitolea jicho. Umenikazia macho kabisa, mama! Nikaona haya. Nikaishusha kwa sababu yako."

Mbwa alibweka mahali, akaacha.

"Siku ile?" Pitsiula alisema. "Ulikuwepo?"

Ulayu akageuka, akamtazama usoni.

"Nilisikia mtu amesema ahsante," yule mama alisema. "Nilijua upo nyumbani. Wapi hasa, sikujua. Sikukuona, mwanangu."

Ulayu alitaka kupiga yowe. Pumzi moja. Angetoa pumzi moja tu siku ile, buti ingepiga mluzi, na leo Simioni angekuwa nje pale anatengeneza pikipiki yake na kutukana. Aliogopa macho yasiyomwona. Alizibana buti kifuani mpaka maji yaliyobaki ndani yakamchuruzika tumboni, akaanza kutembea tena, kwa kasi, akilia kwa hasira na bila sauti, na ule mkono ulioshika pindo ukamfuata.

Karibu na nyumba yao kulikuwa na mfereji ambao theluji iliyoyeyuka ilikuwa imeufungua tangu jana. Maji yalikuwa yanapita kwa nguvu, meusi, yanafika magotini. Ulayu aliruka. Akaendelea hatua mbili. Pindo la koti likavutika, kisha likaachwa.

Akageuka. Pitsiula alikuwa amesimama ukingoni kabisa, mikono mbele, uso umeelekea juani. Alikuwa anasikiliza maji yaliko. Hakuita.

Ulayu alisimama. Alimtazama kwa muda ambao hakuna haja ya kuusema ulikuwa mrefu kiasi gani. Kisha akarudi, akaweka buti chini juu ya jiwe kavu, akanyoosha mkono ng'ambo, akamkamata mama mkwe kifundoni mwa mkono, kwa nguvu, kwa kuumiza.

"Sijakusamehe," alisema. "Inua mguu."